KINU CHA ZAMANI (9): Shira Motoni, Mpishi Hayupo

Mliokaa wiki nzima mmeshika vichwa, viachieni sasa tuendelee. Tuliachana pabaya, nakubali. Moto unawaka chini ya karai kuu, shira inatokota, wageni wamejaa kwenye viti vya plastiki, na Kasuku kashika kipaza sauti, anatangaza kwa mbwembwe zake zote: "Na sasa, mabibi na mabwana, mpishi wa sukari!"

Watu wakageuka kutazama jukwaa la mpishi. Jukwaa lilikuwa tupu. Upawa umeegemezwa ukutani, mwenye upawa hayupo.

Kasuku akacheka kile kicheko cha mtu aliyejikwaa mbele ya wakwe.

"Mpishi wetu anajiandaa kidogo," akasema.

"Anajiandaa kupika au kuoa?" akauliza Meneja kutoka kiti cha mbele, na wageni wakaangua kicheko.

Kwa aliyeingia leo, habari ni fupi. Meneja huyu ni wa kampuni mpya yenye kiwanda cha sukari, iliyonunua shamba la zamani la miwa. Anataka kukibomoa kinu ajenge maghala. Watu wa kambini, ambao babu zao ndio waliokata miwa na kuchochea moto pale, wanataka kibaki kiwe nyumba ya kumbukumbu. Basi Meneja, kwa kujiamini kwake, akatamka mbele ya kadamnasi: leo kinu kikitoa sukari kwa njia ile ile ya wazee, ni chenu, na Kasuku atakuwa msimamizi wake. Kisipotoa, lile tingatinga lililopaki nje linaanza kazi leo leo. Dereva wake alikuwa amelala kwenye usukani, miguu juu, hana haraka.

Na Kasuku, jamani, hakuna kitu alichokitaka duniani kama kile kinu. Tangu mdogo alikuwa akiwatembeza wageni bure, historia ya shamba imemkaa mdomoni, ndiyo maana wakamwita Kasuku. Atakwambia habari za bwana wa kwanza aliyekuja na jembe la ng'ombe. Atakwambia mawe ya kinu yalivyobebwa vichwani kutoka mtoni, jinsi mtambo wa mvuke ulivyoletwa vipande vipande, mpaka siku kiwanda kipya kilipofunguliwa ng'ambo ya mto na moto wa hapa ukazimwa. Na kila mara alimalizia kwa babu yake mwenyewe, Babu Mpishi, mwenye vidole vya dhahabu.

Vidole vyenyewe sasa viko wapi?

Kasuku aliacha kipaza kitini, akazunguka nyuma ya kinu kwa Fundi Mitambo, kijana aliyeufufua ule mtambo wa mvuke kwa nyundo na matusi.

"Umemwona babu?"

"Alipanda jukwaani vizuri tu. Akageuka kulia, akatazama ukuta, akashuka kama mtu aliyeona nyoka."

"Ukuta una nini?"

"Una ukuta."

"Fundi, huu si wakati wa mzaha!"

"Sifanyi mzaha, nimekwenda kuangalia. Ni matofali." Alipangusa jasho kwa mkono wenye grisi, akajipaka grisi kipaji chote cha uso. "Sikiliza. Shira ikitaka kupanda naipoza kwa maji ya miwa. Lakini miwa yenyewe inakwisha. Ikiungua hiyo, tutaikwangua kwa patasi. Kimbia. Mbona unanitazama?"

"Na wewe mbona unanitazama?"

Hakusubiri jibu. Alipandisha sketi, akatimua mbio.

Nyumba za kambini zimepangana mistari, ukuta kwa ukuta, na ya kwao ni ya mwisho. Bibi alikuwa amekaa kizingitini anachambua maharage kwenye ungo, anatupa vijiwe kimoja kimoja kama mtu asiye na habari ya dunia.

"Bibi! Babu yuko wapi?"

"Babu yako mtu mzima. Anajua njia."

"Bibi, shira iko motoni! Tingatinga liko mlangoni!"

Bibi aliinua kidevu, akakielekeza upande wa banda la kuku. Na kabla Kasuku hajageuka vizuri, kutoka ndani ya banda ikatoka chafya ambayo haikuwa ya kuku.

"Babu!"

Ndani kukasikika mtu anajisogeza.

"Babu, nimekusikia!"

"Hata kuku hupiga chafya," ikajibu sauti nzito.

Kasuku akafungua kimlango. Babu Mpishi alikuwa amejikunja mle ndani na koti lake la suti, lile alilolipiga pasi jana kwa ajili ya wageni, na unyoya umesimama kichwani. Alitoka kinyumenyume. Mrefu kama alivyo, kujikunjua kwenyewe kulikuwa kazi.

"Siwezi, mjukuu wangu," akasema. "Wamelizibua lile, wamelizi... wameliziba dirisha."

"Dirisha gani?"

Babu akamtazama Bibi. Bibi akatupa kijiwe.

"Mwambie," akasema Bibi. "Mimi sikukutuma kuingia kwa kuku."

Babu alikaa chini pale pale uani. Maneno yakaanza kumtoka taratibu, halafu yakamwagika. Alipewa kazi ya upishi kwa sababu ya urefu tu, nyapara alimpima kwa macho akaona mikono inafika katikati ya karai. Sukari yenyewe hakuijua. Kujua shira imeiva ni kuivuta kati ya kidole gumba na cha shahada, ikafanya uzi, kisha usome uzi. Yeye kila uzi aliuona ni uzi. Siku yake ya kwanza karibu aiunguze. Kulia kwa jukwaa kulikuwa na dirisha dogo la kutolea mvuke, na chini ya dirisha, kwa nje, mkewe alikuwa amemletea chakula.

"Nikampitishia upawa," akasema Babu. "Nikamwambia, mke wangu, nakufa. Akachovya kidole, akavuta, akasema bado. Nikangoja. Akasema toa. Nikapiga kelele, toa! Wakatoa. Wakanibeba juu kwa juu. Tangu siku hiyo..."

"Tangu siku hiyo?"

"Mpaka kinu kilipofungwa."

Kasuku akamgeukia Bibi. "Miaka yote? Sukari yote ile?"

"Kila karai," akasema Bibi, bado macho kwenye maharage.

"Sasa wakati wa kukubali kazi ya leo ulifikiria nini, Babu?"

"Nilifikiria dirisha!" Babu akasema, machozi yakimlengalenga. "Mwili ulishazoea, mjukuu wangu. Unapanda, unageuka kulia, jibu liko pale. Leo nimegeuka kulia nikakuta matofali. Walipofunga kinu waliliziba popo wasiingie, na hakuna aliyeniambia."

Nawaomba msimcheke. Haya, mcheke, lakini kidogo.

Kasuku hakucheka. Alipiga magoti mbele ya ungo. "Bibi, inuka twende. Wewe ndiye mpishi. Twende ukaivute."

"Siendi."

"Bibi!"

"Mwanamke haingii nyumba ya kupikia moto ukiwaka. Sukari hugoma." Sasa Bibi aliinua macho, na yalikuwa makali. "Si ndivyo usemavyo wewe kwenye kipaza? Nakusikia kila Jumamosi nikiwa hapa hapa. Unasema mwiko ule, unavuta pumzi, wageni wanacheka. Unausema vizuri kweli. Hata mimi siku ya kwanza nilitaka kucheka."

Neno lile lilimwingia Kasuku mpaka kwenye mfupa. Alikumbuka jinsi anavyoupamba ule mzaha, jinsi anavyopandisha nyusi kabla ya kusema 'hugoma'. Na huku nyumbani kuna mtu aliyekaa juani miaka na miaka, chini ya kidirisha, na kikapu cha chakula kama kisingizio. Aibu ilimjaa usoni, akalia.

"Nisamehe, bibi yangu. Sikujua."

"Hukuuliza. Unajua mawe ya kinu yalibebwa na nani, unajua mtambo uliletwa mwaka gani. Mimi hujawahi kuniuliza hata nilikuwa wapi."

"Nakuuliza leo."

"Leo una shida."

"Ndiyo, nina shida. Lakini hata bila shida ningekuuliza, kama ningekuwa na akili."

Bibi alitupa kijiwe cha mwisho. Kisha akasukuma ungo pembeni, akajipangusa mikono kwenye kitambaa alichojifunga kiunoni.

"Dirishani sirudi," akasema. "Nikienda, napita mlangoni, watu wananiona. Na huyu," akamwonyesha mumewe kwa kidole, "anayasema kwenye hicho kipaza aliyokwambia wewe hapa. Yote."

Babu akainuka. "Mbele ya Meneja?"

"Hata mbele ya tingatinga."

Basi nawaambia, kambi ile haijawahi kuona msafara kama ule. Mbele Kasuku anakimbia. Katikati Bibi anatembea mwendo wake, hakimbizwi na mtu. Nyuma Babu, unyoya ungali kichwani, anajisemea peke yake kama anayekariri.

Walimkuta Fundi ameshika ndoo ya mwisho ya maji ya miwa. "Hii ndiyo imebaki!" akapaza sauti. "Baada ya hii, mimi na Mungu!"

Meneja alikuwa ameletewa chai, anakoroga taratibu. "Mpishi kapatikana? Naona alikuwa kwa mama kuku."

Babu Mpishi alichukua kipaza. Alikishika karibu mno, kikapiga mluzi. Akakohoa. Akamwangalia mkewe. Halafu, msomaji wangu, huyu mzee aliyejificha bandani alisimama kwa urefu wake wote, akasema:

"Mimi si mpishi. Mimi ni mrefu tu. Aliyepika sukari ya shamba hili ni huyu mke wangu, kupitia dirishani. Mimi nilikuwa napokea sifa na kula chakula. Ndiyo hiyo."

Viti vya plastiki vililia kwa watu kugeuka. Mlangoni mwa nyumba ya kupikia walisimama wazee wa kinu, na mbele yao Mzee Makaa, aliyekuwa mchochea moto, mtu mwenye sauti ya gunia la mawe. Alitandaza mikono, mkono huu kwenye nguzo hii na huu kwenye nguzo ile.

"Hapiti mwanamke," akasema. "Moto unawaka. Mwiko ni mwiko. Sukari itagoma, tupoteze kinu."

"Mzee wangu, umesikia alichosema babu?" akauliza Kasuku.

"Nimesikia."

"Kwa hiyo miaka yote hiyo ulipokuwa unachochea, mpishi alikuwa nani?"

"Alikuwa..." Mzee Makaa akasita. "Alikuwa huyu mama."

"Na sukari iligoma?"

Mzee Makaa alifikiri. Alifikiri kwa uso mzima. "Haikugoma hata siku moja," akakiri. Kisha akamgeukia Babu kwa hasira. "Na sisi tulikuwa tunakuonea wivu! Tunasema mke wa mwenzetu ana mapenzi, haishi kumletea mumewe chakula! Nimegombana na mke wangu kwa sababu ya kile kikapu!"

Wazee walicheka mpaka mmoja akaegemea ukuta. Mikono ya Mzee Makaa ilishuka yenyewe, na Bibi akapita.

Alisimama kwanza ndani ya mlango, akatazama juu, akatazama chini, akalitazama karai ambalo alikuwa hajawahi kuliona hata mara moja, maana dirishani ulikuwa unapita upawa tu. "Kumbe ni kubwa hivi," akasema kimya kimya. Kasuku, aliyekuwa nyuma yake, aliisikia sauti ile.

Lakini Bibi hakuwa na muda wa kushangaa. Alipanda jukwaani, akachovya upawa, akaupuliza, akachukua tone kati ya vidole viwili. Akavuta. Uzi ukanyooka, mwembamba, unang'aa.

"Bado."

"Bibi, chini inaanza kushika!" akasema Fundi.

"Wewe ndiye unayepika?"

"Hapana, bibi."

"Bado."

Akavuta tena. Meneja alikuwa amesimama sasa, kikombe mkononi. Nje mtu alimwamsha dereva wa tingatinga. Akavuta mara nyingine, na safari hii uzi ulikatika, ukajikunja kurudi juu kwenye kidole.

"Toa!"

Walivamia kama vijana. Mzee Makaa aliondoa kuni motoni, Fundi akafungua lango la karai, shira ikashuka nzito na nyekundu kwenye hodhi la mbao. Wazee wakashika makasia, wakaanza kukoroga. Wakakoroga. Watu wote wakainama kuangalia.

Shira ikabaki shira. Nzuri, tamu, inanukia mpaka barabarani, lakini maji maji, haina hata punje moja.

Wakakoroga tena. Hakuna kitu.

"Nilisema mimi," akanong'ona Mzee Makaa.

Meneja akagonga kikombe kwa kijiko. "Poleni sana," akasema, na nadhani alimaanisha. "Mmejitahidi. Lakini hii ni shira, na tulikubaliana sukari." Akampungia mkono dereva. Tingatinga likakohoa, likawaka.

Kasuku alifumba macho. Alikiona kinu kimelala kifusi, na juu yake maghala ya bati.

"Wewe mume wangu," ikasikika sauti ya Bibi, wala haina wasiwasi. "Ile dawa niliyokuwa nakufungia kwenye kitambaa pamoja na chakula, ulikuwa unaifanyia nini?"

Babu akashtuka. "Ile dawa! Nilikuwa naimwaga hodhini, kama ulivyoniagiza. Nilidhani ni dawa kweli, sikuwahi kuionja."

"Sukari haizaliwi bila mbegu. Ilikuwa ni sukari ya jana, nimeisaga."

"Sukari tu? Na mimi nilivyokuwa naiogopa!"

"Leo sina. Nimetoka na mikono mitupu kwa haraka zenu." Macho ya Bibi yalizunguka, yakatua kwenye meza ya Meneja, kwenye bakuli la sukari lililoletwa na chai yake. "Mwanangu, hiyo ni ya kiwanda chenu?"

"Ndiyo, mama. Daraja la kwanza."

"Niazime konzi moja."

Meneja hakuelewa, lakini adabu aliyofunzwa nyumbani kwao ilimsukuma, akampelekea bakuli kwa mikono miwili. Bibi akachota, akaisugua viganjani, akainyunyiza juu ya hodhi kama anayelisha vifaranga.

"Korogeni."

Wakakoroga. Kwanza hapakuwa na kitu. Kisha kasia la Mzee Makaa likawa zito. Halafu rangi ikafifia, wekundu ukageuka kahawia, na kutoka kwenye mbao ikasikika sauti ndogo ya mkwaruzo, sauti ambayo wazee wale hawakuwa wameisikia tangu ujana wao.

"Punje!" akapiga kelele Mzee Makaa. "Punje! Punje, jamani!"

Sitawaeleza shangwe ile, karatasi haitoshi. Itoshe kusema Fundi Mitambo alimbeba Kasuku akamzungusha, halafu wote wawili wakakumbuka kuwa Babu anaangalia, akamweka chini haraka na kuanza kukagua boliti. Sketi ya Kasuku ilibaki na alama mbili za viganja vya grisi.

Meneja alichota kwa kijiko cha chai. Akaonja. Akachota tena, kisha akasahau kijiko, akatumia kidole.

"Zima tingatinga!" akamwambia dereva. "Kinu ni chenu. Tena nimejishinda kwa sukari yangu mwenyewe. Dada Kasuku, njoo, usimamizi ni wako kama tulivyosema."

Hapo Kasuku alikuwa amepata kile alichokilalia na kukiamkia. Alichukua kipaza, akafungua mdomo kuanza yale maneno yake ya siku zote, bwana wa kwanza na jembe la ng'ombe. Hayakutoka. Aliyaona yote yana tundu katikati.

"Usimamizi naupokea," akasema. "Nitafagia, nitafungua mlango, nitawapokea wageni. Lakini historia naanza kujifunza leo. Mwenye nayo ni huyu."

Akampa Bibi kipaza. Bibi alikishika mbali na mdomo kama kitu kinachong'ata, na watu wakapiga makofi mpaka popo wakatoka darini.

"Haya," akasema Bibi, "ulizeni."

Mama mmoja wa safu ya mbele akanyoosha mkono. "Bibi, kama ulikuwa huruhusiwi kuingia humu, nani alikufundisha kuusoma uzi?"

Tabasamu la Bibi likasimama. Akamtazama mumewe.

"Mwambie tu," akasema Babu. "Hata mimi sijui. Sikuwahi kuuliza, niliogopa utaacha."

"Kabla ya huyu mume wangu," akasema Bibi polepole, "alikuwepo mpishi mwingine. Alinifundisha nyumbani kwetu, kwa kisufuria kidogo. Alikuwa mchumba wangu."

"Mchumba?" Babu akaruka. "Si uliniambia alikuwa jirani?"

"Alikuwa jirani pia. Mafuriko yakamchukua, tukamlilia, tukamzika, na mimi nikaolewa na wewe. Mambo yenyewe ni hayo tu."

"Uzi ulikuwa mzuri," ikasema sauti kutoka viti vya nyuma kabisa. "Ila umetoa mapema kidogo. Nilikufundisha kusubiri."

Watu wote waligeuka. Mzee mmoja mwenye kofia ya ukili, ambaye kila mtu alidhani kaja na mgeni mwingine, alijiinua kwa fimbo yake, akavua kofia.

Kipaza kilimponyoka Bibi, kikagonga jukwaa, lakini hakikuzima, na kambi nzima mpaka nyumba ya mwisho ikamsikia akisema:

"Wewe si tulikuzika?"